Roy Willis na Picha Waliyojichora Wafipa

Ukisema unatoka Sumbawanga, mtu wa Dar es Salaam anakuuliza kwanza habari za uchawi. Sisi wenyewe tunasema jina hilo maana yake ni "tupa uchawi", lakini nani anasikiliza? Picha yetu huchorwa na wengine. Ndiyo maana namheshimu Roy Willis, mwanaanthropolojia wa Uingereza aliyefanya utafiti Ufipa katika miaka ya 1960.

Willis alikusanya masimulizi, akayatoa mwaka 1978 katika There Was a Certain Man, kitabu kuhusu sanaa ya masimulizi ya Wafipa. Kwa maoni yangu, humo fanani hasimulii ngano tu, anajichora mwenyewe. Mwaka 1981, katika A State in the Making, Willis alichambua kisa cha Milansi: wanawake wageni wanafika, wanatwaa utawala wa nchi, na mtawala mwenyeji anabakiwa na Milansi yake na heshima yake. Jamani, ni watu wangapi wanaojisimulia kuwa walipoteza ufalme kwa wanawake, tena bila kuona haya? Hiyo si picha ya kujisifu, na ndiyo maana naiamini.

Kasoro ipo. Fanani alitamba kwa Kifipa. Uchambuzi ukaandikwa kwa Kiingereza. Bibi yangu, mtambaji hodari, asingeweza kuusoma. Basi wahakiki tusiishie kumsifu Willis. Twende Ufipa tukasikilize, tuandike kwa lugha ambayo mwenye picha ataitambua sura yake.