Ziwa Edward: viboko walipoisha, samaki nao wakapungua

Mwaka wa 1925 wakoloni wa Ubelgiji walianzisha hifadhi ya Albert, ambayo tangu 1969 inaitwa Virunga. Ilianzia kwenye milima ya volkano, makao ya sokwe. Miaka ya 1930 mipaka ikasogezwa hadi ziwa Edward, na ukingo wote wa upande wa Congo ukawa ndani ya hifadhi. Leo vijiji vya uvuvi vinavyotambuliwa na sheria ni vitatu tu: Vitshumbi, Kyavinyonge na Nyakakoma.

Miaka ya 1970 viboko walikuwa karibu elfu 29. Hakukuwa na kundi kubwa kama hilo duniani. Usiku kiboko hutoka majini kwenda malishoni, na mmoja anaweza kula kilo 40 za majani. Asubuhi anarudi ziwani, na kinyesi chake kinabaki humo. Hicho ndicho mbolea ya ziwa: kinalisha vijimea vidogo vya majini, na tilapia hula vijimea hivyo. Kwa hiyo mvuvi anayemlaani kiboko kwa kupindua mtumbwi (na kweli huua watu) anamdai deni na kumlipa kwa wakati mmoja.

Januari 1996 Virunga iliandikwa katika mkataba wa Ramsar unaolinda maeneo oevu. Miezi michache baadaye vita vikaanza. Wanajeshi, waasi na mayi-mayi, wote waliwapiga viboko risasi, nyama ikauzwa sokoni na meno yakapata wanunuzi wao. Hesabu ya mwaka 2005 ilikuta viboko wasiofika 900.

Samaki nao walipungua. Si kwa sababu ya viboko peke yake: nyavu zenye matundu madogo na uvuvi kwenye mazalio vimefanya uharibifu mkubwa, tena mara nyingi chini ya ulinzi wa wenye bunduki waliokuwa wakitoza kodi. Lakini nyavu zinaweza kukamatwa na kuchomwa moto. Kiboko jike huzaa mtoto mmoja, baada ya mimba ya miezi minane.

Polepole idadi ilipanda hadi karibu 1,200. Kisha Aprili 2025 mizoga ilionekana ikielea katika mto Ishasha na ziwani. Vipimo vilionyesha kimeta. Viboko wapatao 50 walikufa, na wakaaji wakaombwa wachemshe maji ya kunywa.