Dhara Haliondolewi kwa Dhara: Funzo la Jaa la Tabata kwa Wakazi wa Dodoma

Kila sifa njema ni ya Mwenyezi Mungu (S.W.), na rehema na amani zimshukie Mtume Muhammad (s.a.w.), Ahali zake na Sahaba zake.

Ama baad. Tangu Serikali ilipoanza kuhamia Dodoma mwaka 2016, nyumba zimesogeleana. Mashine za kusaga, karakana za kuchomelea vyuma na baa zinapakana na vyumba vya kulala. Maimamu huulizwa: je, yajuzu Muislamu kumshitaki jirani anayemuudhi, au asubiri tu? Turejee historia.

Abu Daud amepokea kisa cha Samura bin Jundub (r.a.), aliyekuwa na mitende ndani ya bustani ya mtu wa Ansari. Kila alipoiendea, yule Ansari na watu wa nyumbani kwake walipata taabu. Alimtaka amuuzie, akakataa, wabadilishane, akakataa. Ndipo akapeleka shauri kwa Mtume (s.a.w.), naye akamtaka Samura auze, au abadilishe, au atoe kwa ahadi ya malipo. Yote akayakataa. Mtume akamhukumu kuwa ni mwenye kudhuru, akamwamuru Ansari aing'oe mitende ile. Maulamaa wameijadili sanadi ya kisa hiki, lakini maana yake inaafikiana na Hadithi mashuhuri inayokataza kudhuru na kudhuriana. Suluhu ilitangulia hukumu, na hukumu ikaja pamoja na amri ya kuitekeleza.

Majalla ya Dola ya Uthmaniya, iliyotolewa kati ya 1869 na 1876, iliyapanga haya kwa vifungu. Kifungu cha 1200 kinataja kinu kinachotikisa nyumba ya jirani, na moshi unaomzuia mtu kukaa kwake, kuwa ni dhara kubwa la kuondolewa. Kifungu cha 25 kinaweka mpaka: dhara lisiondolewe kwa kuleta dhara lingine mfano wake.

Mpaka huo ulivukwa hapa kwetu. Wakazi wa Tabata, Dar es Salaam, waliishitaki Halmashauri ya Jiji katika Mahakama Kuu (Shauri la Madai Na. 299 la 1988) kwa ajili ya jaa la taka lililowaletea moshi, uvundo na nzi. Mahakama iliamuru utupaji ukome. Hata hivyo taka ziliendelea kumwagwa, na Jiji likarudi kuomba kuongezewa muda, hadi Jaji Lugakingira alipokataa, akitegemea haki ya kuishi iliyomo katika Ibara ya 14 ya Katiba. Taka zikahamishiwa Kunduchi Mtongani, eneo lililopangwa kuwa la makazi. Tabata walipumua, Mtongani wakaanza kukohoa. Wakazi 795 wakafungua shauri Na. 90 la 1991, na Mahakama Kuu ikawapa haki.

Basi jibu letu ni kwamba kusubiri ni fadhila kwa mwenye kuudhiwa nafsi yake, lakini panapoumia watoto, wagonjwa na majirani, kudai haki kwa hakimu kunajuzu, wala si kuvunja ujirani. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inampa kila mtu aishiye Tanzania haki ya mazingira safi, salama na yenye afya, na njia ya kwenda mahakamani kuidai. Aanze kwa jirani mwenyewe, kisha wazee na mwenyekiti wa mtaa, kisha halmashauri, wakishindwa, mahakama. Akipata hukumu afuatilie utekelezaji wake, kwani Tabata walishinda wakabaki na moshi. Wala asiridhike mashine ikihamishiwa dirishani kwa mwingine asiye na wa kumsemea.

Nasi tujihesabu kwanza. Kipaza sauti cha msikiti kinachorusha mawaidha usiku wa manane juu ya mgonjwa aliyelala, nacho kina jirani. Tukikipunguza wenyewe, neno letu juu ya baa litasikika.

Wabillahi tawfiq.