Zima Sauti Kwanza, Halafu Tazama

Kila Siku ya Mashujaa ikikaribia, klipu ni zilezile. Nairobi, Aprili 1954, Operesheni Anvil: wanaume wameketishwa chini kwa safu, askari wanawapekua. Tunakata, tunaweka wimbo, tunaposti. Na wengine wetu tunaacha sauti ya yule mtangazaji wa Kiingereza akiwaita hao watu magaidi, halafu chini tunaandika “heshima kwa mashujaa.” Jameni!

Picha si lazima imtumikie aliyeipiga. Hilo nilifundishwa na mwanamke Mrusi, Esfir Shub. Kazi yake ilikuwa kuzihariri upya filamu za nje ili zionyeshwe Urusi ya Wasovieti. Mwaka 1924, Sergei Eisenstein, kabla hajatoa filamu yake ndefu ya kwanza, alikaa naye mezani akijifunza kukata.

Mwaka 1926 Shub akaenda Leningrad kusaka picha za zamani. Alikuta mikanda kwenye vyumba vya chini vyenye unyevu, mingine ikiharibika. Alitazama mita zipatazo 60,000. Nyingine zilipigwa na wapiga picha wa Tsar Nikolai II mwenyewe: gwaride, misafara ya kanisa, familia ya kifalme. Yaani picha za kujisifu, kama za harusi ya tajiri.

Shub hakuongeza tusi hata moja. Alizipanga tu. Wakubwa wanacheza dansi kwenye sitaha ya meli mpaka jasho linawatoka, anakata, wakulima wanachimba mtaro, nao wanajifuta jasho. Basi. Filamu ilitoka 1927, Kuanguka kwa Nasaba ya Romanov, na mashahidi wa mashtaka ni kamera za mshtakiwa.

Lakini tusimfanye malaika. Filamu ilitengenezwa kuadhimisha miaka 10 ya mapinduzi, na serikali iliyofaidika nayo haikuwa ya huruma. Tena wale wakulima, mtaro wao ulikuwa wapi? Mwaka gani? Walijua jasho lao litabandikwa kando ya dansi ya nani? Mkasi uleule unaofichua unaweza kudanganya. Angalau Shub aliacha picha zikae muda mrefu, mtazamaji aone nyuso na viatu, ajiamulie. Sisi tunampa shujaa sekunde moja na nusu.

Na siku hizi hata hatuingii chumba chenye unyevu. Mwaka 2014 British Pathé ilipakia filamu kama 85,000 YouTube. Kupata ni rahisi. Kuuliza nani alishika kamera, na alisimama upande gani wa bunduki, hapo ndipo tunaruka.

Klipu yangu ya Anvil ya mwaka jana nimeifuta. Ilikuwa na watazamaji wengi, nakiri imeniuma. Naianza upya kimya, bila wimbo, na kwanza natafuta ile barabara iko mtaa gani.