Boštjan Cesar

Boštjan Cesar (alizaliwa Ljubljana, 9 Julai 1982) ni mchezaji wa zamani wa mpira wa miguu kutoka nchi ya Slovenia aliyecheza nafasi ya beki wa kati. Anafahamika zaidi kama mchezaji wa kwanza wa Slovenia kufikisha mechi 100 za timu ya taifa. Aliichezea timu hiyo mara 101 na kuifungia mabao 10 kati ya mwaka 2003 na 2018, na kwa miaka kadhaa alikuwa nahodha wake.

Katika ngazi ya klabu alicheza Kroatia, Ufaransa, Uingereza na Italia. Kituo chake kirefu kuliko vyote kilikuwa Chievo, klabu ndogo ya mji wa Verona, Italia, alikokaa tangu mwaka 2010 hadi alipostaafu mwaka 2019.

Maisha ya awali

Cesar alizaliwa wakati Slovenia ilikuwa bado ni mojawapo ya jamhuri sita za Yugoslavia. Nchi hiyo ilijitangazia uhuru tarehe 25 Juni 1991, wiki mbili kabla hajatimiza miaka tisa. Timu ya taifa ya Slovenia ilicheza mechi yake ya kwanza rasmi mwezi Juni 1992 dhidi ya Estonia, nayo ikaisha kwa sare ya 1-1. Kwa hiyo Cesar ni wa kizazi cha kwanza cha wachezaji waliojifunza soka katika nchi iliyokuwa tayari na timu yake yenyewe.

Slovenia ina wakazi wapatao milioni mbili tu. Ligi yake ni ndogo, na vijana wake wenye kipaji huondoka mapema kwenda kutafuta riziki katika ligi za nchi jirani. Cesar alipita njia hiyohiyo. Alilelewa kisoka Ljubljana katika klabu ya Olimpija, akavuka mpaka kwenda Kroatia akiwa bado kijana.

Maisha ya klabu

Dinamo Zagreb

Klabu yake kubwa ya kwanza ilikuwa Dinamo Zagreb, iliyo maarufu kuliko zote nchini Kroatia. Kama ilivyo kawaida kwa mabeki vijana wa klabu kubwa, hakupata namba mara moja, na sehemu ya kipindi hicho alitolewa kwa mkopo ili apate mechi za kutosha. Dinamo ilitwaa ubingwa wa Kroatia katika msimu wa 2002-03 na Kombe la Kroatia mwaka 2004. Msimu wa 2004-05 ulikuwa kinyume chake: klabu ilimaliza ligi katika nafasi ya saba, matokeo mabaya yasiyotarajiwa kwa timu ya hadhi yake. Baada ya msimu huo Cesar aliondoka.

Marseille na West Bromwich Albion

Mwaka 2005 alijiunga na Olympique de Marseille ya Ufaransa. Katika misimu miwili iliyofuata Marseille ilifika fainali ya Kombe la Ufaransa mara mbili na kushindwa zote: mwaka 2006 ilifungwa na Paris Saint-Germain 2-1, na mwaka 2007 ilitolewa na Sochaux kwa mikwaju ya penalti baada ya sare ya 2-2. Mwaka huohuo wa 2007 ilimaliza ligi katika nafasi ya pili nyuma ya Lyon.

Kwa msimu wa 2007-08 Cesar alipelekwa kwa mkopo Uingereza katika klabu ya West Bromwich Albion, iliyokuwa daraja la pili chini ya kocha Tony Mowbray. Timu hiyo ilichukua ubingwa wa daraja hilo na kupanda Ligi Kuu. Pia ilifika nusu fainali ya Kombe la FA katika uwanja wa Wembley, ambako ilifungwa 1-0 na Portsmouth kwa bao la Mnigeria Nwankwo Kanu. Cesar hakubaki nayo ilipopanda, bali alirudi Ufaransa.

Grenoble

Mwaka 2008 alihamia Grenoble, klabu iliyokuwa imerejea ligi ya juu ya Ufaransa baada ya zaidi ya miaka 40. Msimu wa kwanza ulikwenda vizuri, kwani timu ilimaliza katika nafasi ya 13 na kufika nusu fainali ya Kombe la Ufaransa. Msimu wa pili ulikuwa mgumu kuliko yote aliyopitia: Grenoble ilipoteza mechi zake 11 za kwanza za ligi mfululizo, ikamaliza mkiani na kushuka daraja mwaka 2010. Hata hivyo, kiangazi cha mwaka huohuo ndipo Cesar alipocheza Kombe la Dunia.

Chievo

Baada ya Kombe la Dunia alijiunga na Chievo ya Italia. Klabu hii ilianzia katika kitongoji kidogo cha Verona, na uwanja wa Bentegodi iliutumia kwa pamoja na Hellas Verona, klabu ya mjini yenye mashabiki wengi zaidi. Mashabiki wa Hellas waliwahi kuwadhihaki majirani zao kuwa punda wangeruka kabla Chievo haijafika ligi ya juu. Chievo ilipofika kweli mwaka 2001, jina la "Punda Warukao" likageuka kuwa fahari yake.

Lengo la Chievo kila mwaka lilikuwa moja: kutoshuka daraja. Timu ya namna hiyo hutegemea ulinzi, maana haina fedha za kununua washambuliaji wakubwa. Cesar alifaa sana katika kazi hiyo. Tangu alipofika hadi mwaka 2018, Chievo ilibaki katika Serie A kwa misimu minane mfululizo. Msimu mbaya zaidi kati ya hiyo ulikuwa 2013-14, ilipomaliza ya 16, na bora zaidi ulikuwa 2015-16, ilipomaliza ya tisa chini ya kocha Rolando Maran. Alicheza huko pamoja na Waslovenia wenzake, akiwamo beki wa kushoto Bojan Jokić na kiungo Valter Birsa, na alifikisha zaidi ya mechi 200 za ligi.

Msimu wa 2018-19 ulianza vibaya. Chievo ilipokonywa pointi tatu kwa makosa ya mahesabu ya fedha, ikamaliza katika nafasi ya mwisho na kushuka daraja. Cesar alistaafu mwaka huo wa 2019, akiwa anakaribia umri wa miaka 37.

Timu ya taifa

Mwanzo na bao dhidi ya Italia

Cesar aliitwa timu ya taifa katika kipindi cha mpito. Kizazi cha Zlatko Zahovič, kilichoiongoza Slovenia hadi Mashindano ya Ulaya ya mwaka 2000 na Kombe la Dunia la mwaka 2002 chini ya kocha Srečko Katanec, kilikuwa kinaondoka. Alicheza mechi yake ya kwanza mwezi Februari 2003 dhidi ya Uswisi, nayo Slovenia ilifungwa 5-1. Ulikuwa mwanzo mchungu kwa beki wa miaka 20.

Jina lake lilianza kujulikana tarehe 9 Oktoba 2004 mjini Celje. Slovenia ilikuwa inacheza na Italia katika mechi ya kufuzu Kombe la Dunia la 2006. Dakika ya 82 Cesar alifunga bao pekee la mchezo, na Slovenia ikashinda 1-0. Katika mechi zote 10 za kundi lile Italia haikupoteza nyingine, na mwaka 2006 timu hiyo ya kocha Marcello Lippi ikawa bingwa wa dunia. Slovenia yenyewe haikufuzu.

Kombe la Dunia 2010

Chini ya kocha Matjaž Kek, Slovenia ilijengwa juu ya ulinzi. Katika mechi 10 za kufuzu Kombe la Dunia la 2010 iliruhusu mabao manne tu, ikamaliza ya pili nyuma ya Slovakia. Katika mechi za mtoano ilikutana na Urusi: ilifungwa 2-1 Moscow, kisha ikashinda 1-0 mjini Maribor na kufuzu kwa faida ya bao la ugenini. Kati ya nchi 32 zilizokwenda Afrika Kusini, Slovenia ndiyo iliyokuwa na watu wachache kuliko zote.

Cesar alicheza mechi zote tatu za kundi, akisimama katikati ya ulinzi pamoja na Marko Šuler. Mišo Brečko alikuwa upande wa kulia, Jokić upande wa kushoto, na Samir Handanović golini.

Tarehe 13 Juni mjini Polokwane, Slovenia iliifunga Algeria 1-0 kwa bao la nahodha Robert Koren. Huo ulikuwa ushindi wa kwanza wa Slovenia katika historia ya Kombe la Dunia. Siku tano baadaye, katika uwanja wa Ellis Park mjini Johannesburg, iliongoza 2-0 dhidi ya Marekani hadi mapumziko, lakini Wamarekani wakasawazisha. Mwamuzi Koman Coulibaly wa Mali alikataa bao la tatu la Marekani karibu na mwisho, na mchezo ukaisha 2-2.

Mechi ya mwisho ilichezwa Port Elizabeth tarehe 23 Juni, na Uingereza ikashinda 1-0. Hata kwa kufungwa huko Slovenia ilikuwa inasonga mbele, kwa kuwa mchezo kati ya Marekani na Algeria, uliochezwa wakati uleule, ulikuwa bado 0-0 na muda wa kawaida ulikuwa umekwisha. Katika dakika za nyongeza Landon Donovan aliifungia Marekani. Slovenia ikashuka kutoka nafasi ya pili hadi ya tatu ikiwa na pointi nne, nyuma ya Marekani na Uingereza zenye pointi tano kila moja, na ikatolewa.

Unahodha

Katanec aliporejea kuifundisha timu mwaka 2013, Cesar ndiye aliyekuwa nahodha wake. Katika miaka hiyo alivuka rekodi ya mechi 80 ya Zahovič. Mara kadhaa Slovenia ilikaribia kufuzu mashindano makubwa bila kufanikiwa. Katika kufuzu Kombe la Dunia la 2014 ilimaliza kundi ikiwa na pointi 15, mbili nyuma ya Iceland iliyochukua nafasi ya pili.

Katika kufuzu Mashindano ya Ulaya ya 2016 ilifika hatua ya mtoano dhidi ya Ukraine. Baada ya kufungwa 2-0 ugenini, Slovenia ilihitaji mabao katika mechi ya marudiano mjini Maribor tarehe 17 Novemba 2015. Cesar alifunga dakika ya 11, na timu ikawa inahitaji bao moja tu kupeleka mchezo katika muda wa ziada. Bao hilo halikupatikana. Andriy Yarmolenko alisawazisha katika dakika za nyongeza, na Ukraine ikafuzu.

Mwaka uliofuata Cesar alifunga tena katika dakika za nyongeza na kuiokoa timu yake kwa sare ya 2-2 ugenini dhidi ya Lithuania, baada ya Slovenia kuwa nyuma kwa mabao mawili. Mwezi Oktoba 2016 aliiongoza timu katika sare ya 0-0 na Uingereza mjini Ljubljana.

Mechi ya 100

Mwezi Novemba 2014 Cesar alikuwapo Wembley siku Wayne Rooney alipocheza mechi yake ya 100 kwa Uingereza. Rooney alisawazisha kwa penalti iliyotokana na faulo ya Cesar mwenyewe, na Uingereza ikashinda 3-1.

Mechi ya 100 ya Cesar ilikuja karibu miaka mitatu baadaye, tarehe 8 Oktoba 2017 mjini Ljubljana, dhidi ya Uskoti. Ilikuwa mechi ya mwisho ya kundi, na Uskoti ilihitaji ushindi ili iende mtoano. Waskoti walitangulia, Roman Bezjak akafunga mara mbili kwa Slovenia, kisha Uskoti ikasawazisha dakika ya 88. Katika dakika za mwisho, Waskoti wakishambulia kwa nguvu zote, Cesar alipewa kadi ya pili ya njano na kutolewa nje. Mchezo uliisha 2-2, Uskoti ikakosa nafasi kwa tofauti ya mabao, na Slovenia ikamaliza ya nne. Katanec aliacha kazi baada ya kampeni hiyo.

Kadi hiyo nyekundu haikuwa mwisho wake. Mwezi Machi 2018 alivaa jezi ya taifa kwa mara ya mwisho katika mechi ya kirafiki dhidi ya Belarus, iliyokuwa mechi yake ya 101.

Mtindo wa uchezaji

Cesar alikuwa na urefu wa zaidi ya mita 1.90. Nguvu yake kubwa ilikuwa mipira ya juu, mwili imara na kukaba bila woga. Ukabaji wa namna hiyo ulimletea pia kadi nyingi.

Umuhimu wake

Cesar hakushinda makombe mengi, wala hakuwa nyota wa klabu kubwa kama kipa Handanović wa Inter Milan. Umuhimu wake umo katika kudumu. Aliingia timu ya taifa wachezaji wa Zahovič walipokuwa wanaondoka, akacheza na kizazi cha Koren na Novakovič, akaondoka wakati kipa Jan Oblak na wenzake wameshashika nafasi zao. Katika muda huo alifundishwa na makocha sita wa timu ya taifa, kuanzia Bojan Prašnikar hadi Tomaž Kavčič. Kwa nchi yenye wachezaji wachache wa kuchagua, beki wa kutegemewa kwa miaka 15 ni hazina isiyopatikana kwa urahisi.