Highbury, Msimu wa 2003/04: Mechi 19 za Nyumbani za Arsenal

Katika historia ya soka la Uingereza, msimu wa 2003/04 hukumbukwa kwa sababu klabu ya Arsenal ya London ilicheza mechi zake zote 38 za Ligi Kuu bila kupoteza hata moja, ikashinda 26 na kutoka sare 12. Jambo hilo halikuwa limetokea katika daraja la juu la nchi hiyo tangu Preston North End ilipomaliza msimu wa kwanza kabisa wa ligi, ule wa 1888/89, bila kushindwa katika mechi 22. Kwa kuwa sifa hiyo ni kubwa, ni rahisi kuidhania timu ile kuwa ilikuwa ikiwaponda wapinzani kila ilipoingia uwanjani, hasa uwanja wake yenyewe. Mechi zake 19 za nyumbani, zikichunguzwa moja baada ya nyingine, zinaonyesha jambo jingine: ushindi mwingi ulipatikana kwa tofauti ya bao moja, wageni walitangulia kufunga mara kadhaa, na ulinzi uliruhusu mabao mengi zaidi nyumbani kuliko ugenini.

Ligi Kuu ya Uingereza ina timu 20, na kila timu hukutana na kila mpinzani mara mbili, mara moja katika uwanja wake, yaani nyumbani, na mara moja katika uwanja wa mpinzani, yaani ugenini. Ushindi huleta pointi 3, sare huleta pointi 1, na anayepoteza hapati kitu. Kwa utaratibu huo, nusu ya msimu huchezwa mbele ya mashabiki wa klabu yenyewe, katika uwanja ambao wachezaji wake wanaujua vizuri, na ndiyo maana makocha wengi huhesabu pointi za nyumbani kuwa msingi wa ubingwa na zile za ugenini kuwa nyongeza.

Nyumbani kwa Arsenal wakati huo kulikuwa Highbury, kaskazini mwa London, uwanja ambao klabu hiyo ilihamia mwaka 1913 ikitoka Plumstead, upande wa kusini wa mto Thames, ambako mapato ya milangoni yalikuwa madogo. Mechi ya kwanza ilichezwa Septemba 6 mwaka huo dhidi ya Leicester Fosse, klabu ambayo baadaye iliitwa Leicester City, na Arsenal ilishinda 2-1. Uwanja ulipata sura yake maarufu katika miaka ya 1930, jukwaa la magharibi lilipofunguliwa mwaka 1932 na la mashariki mwaka 1936, yote mawili yakiwa yamejengwa kwa mtindo wa kisasa wa enzi hiyo, na katika mwaka huohuo wa 1932 kituo cha treni ya chini ya ardhi cha Gillespie Road kilipewa jina la Arsenal kutokana na juhudi za kocha Herbert Chapman. Mwaka 1935 watazamaji 73,295, wengi wao wakiwa wamesimama, waliingia kutazama mechi dhidi ya Sunderland. Baada ya maafa ya msongamano wa mashabiki katika uwanja wa Hillsborough mwaka 1989, serikali iliposhurutisha viwanja vya madaraja ya juu kuwa na viti kwa kila mtazamaji, nafasi za Highbury zilipungua hadi takribani 38,000, na nyumba za makazi zilizouzunguka pande zote ziliufanya uwanja usiweze kupanuliwa.

Nyumba hizo ziliubana pia uwanja wenyewe wa kuchezea, ambao ulikuwa na urefu wa takribani mita 100 na upana wa mita 67, mfupi kuliko vipimo vya mita 105 kwa 68 vilivyozoeleka katika soka la kimataifa. Kwa timu ya kocha Arsène Wenger, Mfaransa aliyeshika kazi mwaka 1996, ufupi huo ulikuwa na faida na hasara. Faida ilikuwa kwamba mpira uliopokonywa katikati ulifika langoni kwa pasi mbili au tatu. Hasara ilikuwa kwamba wageni waliokuja kujilinda walikuwa na eneo dogo la kulinda, na mbio za mshambuliaji Thierry Henry na kiungo Fredrik Ljungberg, ambazo ugenini zilipata nafasi nyuma ya mabeki, nyumbani mara nyingi zilikuta njia imezibwa.

Timu hiyo haikuanza msimu ikiwa na sifa ya kutoshindwa nyumbani. Mei 4, 2003 Leeds United ilikuwa imeshinda 3-2 palepale Highbury na kuikabidhi Manchester United ubingwa wa msimu uliotangulia. Siku tatu baadaye Arsenal iliifunga Southampton 6-1 katika uwanja huohuo, na hapo ndipo ulipoanzia mfululizo wa mechi 49 za ligi bila kupoteza. Mchezaji mpya mwenye uzito aliyesajiliwa katika kiangazi cha 2003 alikuwa kipa Mjerumani Jens Lehmann, aliyechukua nafasi ya David Seaman na kucheza mechi zote 38, huku Kolo Touré wa Côte d'Ivoire akihamishiwa katikati ya ulinzi kando ya Sol Campbell.

Mechi ya kwanza, ya Agosti 16 dhidi ya Everton, ilitoa kielelezo cha mambo yaliyofuata. Campbell alionyeshwa kadi nyekundu kabla ya nusu saa kwisha, timu ikabaki na wachezaji kumi kwa zaidi ya saa nzima, na bado ikashinda 2-1 kwa penalti ya Henry na bao la Robert Pires. Aston Villa ilifungwa 2-0. Portsmouth, iliyokuwa imepanda daraja na kucheza Ligi Kuu kwa mara ya kwanza, ilitangulia kwa bao la Teddy Sheringham na kuondoka na sare ya 1-1 baada ya Henry kusawazisha kwa penalti iliyolalamikiwa na wageni. Newcastle ilisawazisha mara mbili kabla ya penalti nyingine ya Henry kuleta 3-2, na Chelsea, iliyokuwa imenunuliwa na Mrusi Roman Abramovich miezi michache nyuma, ililala 2-1 kwa sababu mpira ulimponyoka kipa wake Carlo Cudicini mbele ya Henry zikiwa zimebaki dakika kumi na tano. Tottenham, mahasimu wa jadi wa kaskazini mwa London, waliongoza tangu dakika ya 5 hadi ya 69, kisha Pires na Ljungberg wakaigeuza mechi ikawa 2-1.

Novemba 30 Fulham ilijihami kwa dakika zote 90, kipa wake Edwin van der Sar akaokoa kila kilichofika, na matokeo yakawa 0-0. Wiki mbili baadaye Blackburn ilifungwa 1-0 tu, kwa bao la Dennis Bergkamp, na ni Wolverhampton pekee, siku iliyofuata Krismasi, iliyofungwa bila taabu, 3-0. Kufikia mwisho wa mwaka, mechi tisa za nyumbani zilikuwa zimeleta ushindi saba na sare mbili, lakini mabao 16 tu, wastani usiofikia hata mawili kwa mechi.

Mwaka mpya ulianza kwa ushindi wa 4-1 dhidi ya Middlesbrough, kisha tofauti ndogo zikarejea. Manchester City ilifungwa 2-1. Southampton ililala 2-0 katika mechi ya Februari 10 ambamo Henry alifikisha mabao 100 ya Ligi Kuu. Charlton ilifungwa mara mbili ndani ya dakika nne za mwanzo, lakini ikapunguza pengo na kuwaweka wenyeji roho juu hadi mwisho wa mechi, 2-1, na Bolton ikapoteza kwa idadi hiyohiyo. Machi 28 Manchester United ilikuja, Henry akafunga kwa shuti la mbali, na Louis Saha akasawazisha zikiwa zimebaki dakika chache. Sare hiyo ya 1-1 ilikuwa mechi ya 30 ya msimu, na kwayo Arsenal ilivuka rekodi ya kuanza ligi kwa mechi 29 bila kupoteza iliyokuwa ikishikiliwa na Leeds ya 1973/74 na Liverpool ya 1987/88.

Ieleweke kwamba kutoshindwa huko kulikuwa kwa ligi peke yake, kwa maana uwanja wa Highbury wenyewe ulivunjwa mwiko mara tatu katika msimu huohuo. Inter Milan ilishinda 3-0 hapo mwezi Septemba katika Ligi ya Mabingwa wa Ulaya, Middlesbrough ikashinda 1-0 mwezi Januari katika nusu fainali ya Kombe la Ligi, na Aprili 6 Chelsea ikashinda 2-1 na kuitoa Arsenal katika robo fainali ya Ulaya, siku tatu tu baada ya Manchester United kuitoa katika nusu fainali ya Kombe la FA.

Kwa sababu hiyo mechi ya Liverpool, iliyochezwa Aprili 9, siku ya Ijumaa Kuu, ndiyo iliyobeba uzito mkubwa kuliko zote 19. Timu ilikuwa imepoteza makombe mawili ndani ya wiki moja, na hadi mapumziko ilikuwa nyuma 2-1 kwa mabao ya Sami Hyypiä na Michael Owen. Kipindi cha pili kilipoanza, Pires alisawazisha, na kabla Liverpool haijajipanga upya Henry aliuchukua mpira karibu na katikati, akawapita Dietmar Hamann na Jamie Carragher, akafunga la tatu. Baadaye akaongeza la nne, ambalo lilikuwa la tatu lake yeye. Wiki moja baadaye Henry alifunga mabao manne katika ushindi wa 5-0 dhidi ya Leeds, klabu ileile iliyoinyima Arsenal ubingwa mwaka mmoja nyuma na ambayo sasa, ikiwa imelemewa na madeni, ilikuwa njiani kushuka daraja.

Ubingwa wenyewe haukupatikana nyumbani bali katika uwanja wa Tottenham, White Hart Lane, kwa sare ya 2-2 Aprili 25. Mechi mbili zilizobaki Highbury zilichezwa na timu isiyokuwa na la kutafuta isipokuwa rekodi. Birmingham iliondoka na sare ya 0-0, na Mei 15 Leicester City, ambayo tayari ilikuwa imeshuka daraja, iliongoza hadi mapumziko kwa bao la Paul Dickov, mchezaji wa zamani wa Arsenal. Penalti ya Henry na bao la nahodha Patrick Vieira viliyafanya matokeo kuwa 2-1.

Jumla ya nyumbani ilikuwa ushindi 15, sare 4, mabao 40 ya kufunga na 14 ya kufungwa, na pointi 49 kati ya 90 za msimu mzima. Katika ushindi huo 15, 9 ulikuwa wa tofauti ya bao moja, na kati ya mechi nne ambazo mgeni alifunga kwanza, wenyeji walishinda tatu na kutoka sare moja. Ugenini, ambako timu ilishinda 11 na kutoka sare 8, lango lake liliruhusu mabao 12 tu. Maelezo ya kuaminika zaidi ni kwamba nyumbani Arsenal ililazimika kupeleka watu wengi mbele ili kuwafungua wapinzani waliojifungia, na kila aliyekwenda mbele aliacha nafasi nyuma yake. Gharama hiyo ililipwa na mtu mmoja kwa kiasi kikubwa, kwani kati ya mabao 30 ya ligi aliyofunga Henry msimu ule, 22 yalipatikana Highbury.

Matokeo hayo mazuri hayakuuokoa uwanja. Old Trafford ya Manchester United ilipokea watu zaidi ya 67,000 kwa mechi, na pengo la mapato ya tiketi lilikuwa likikua kila msimu, hata Arsenal ilikuwa imejaribu kucheza mechi zake za Ulaya Wembley kati ya 1998 na 2000. Februari 2004, katikati ya msimu huo wa sifa, klabu ilitangaza kwamba imepata mkopo wa pauni milioni 260 wa kujenga uwanja mpya wa watu 60,000 hatua chache kutoka pale. Wakati huohuo hadhira kubwa zaidi ya mechi hizi ilikuwa nje ya Uingereza. Sheria za soka za nchi hiyo zilizuia mechi za Jumamosi za saa tisa alasiri zisionyeshwe mubashara katika runinga za nyumbani, kizuizi ambacho hakikuzihusu nchi nyingine, hivyo mtazamaji wa Dar es Salaam au Nairobi aliyelipia king'amuzi, au aliyetoa kiingilio cha kibanda umiza, aliweza kuona mechi ambayo jirani wa Highbury asiye na tiketi aliisikia redioni tu.

Mfululizo wa mechi 49 ulikatwa Old Trafford Oktoba 24, 2004, na Highbury haikushuhudia tena Arsenal ikipoteza mechi ya ligi hadi Februari 1, 2005, Manchester United iliposhinda 4-2. Mechi ya mwisho ya uwanja huo ilichezwa Mei 7, 2006, kisha majukwaa ya mashariki na magharibi yakageuzwa kuwa nyumba za kuishi. Kwa mwanahistoria wa soka, thamani ya mechi zile 19 haimo katika ukubwa wa ushindi, kwa kuwa misimu mingine imekuwa na mabingwa waliofunga mabao mengi zaidi nyumbani kwao. Zinaonyesha kwamba msimu usio na kipigo unaweza kujengwa na timu inayoachia mabao, inayotanguliwa na wageni, na inayotolewa katika makombe mengine, maadamu ina uwezo wa kurekebisha mambo kabla ya dakika ya 90 kufika, na rekodi iliyopatikana kwa njia hiyo inadai kazi zaidi kuliko jina la timu isiyoshindika linavyodokeza.