Amil Shivji

Amil Shivji ni mwongozaji, mwandishi na mtayarishaji wa filamu kutoka Tanzania, mtoto wa mwanazuoni wa sheria Issa Shivji. Alisomea filamu katika Chuo Kikuu cha York, Toronto, kisha akarejea Dar es Salaam, akaanzisha kampuni ya Kijiweni Productions na kufundisha katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam.

Tangu filamu fupi ya *Shoeshine* (2013), kamera yake imekaa upande wa wachuuzi na vibarua. *Samaki Mchangani* ilifuata 2014. Katika *T-Junction* (2017), filamu ndefu iliyofungua Tamasha la Filamu la Zanzibar mwaka huo, msichana aliyefiwa na baba yake anasimuliwa habari za watu wa njiapanda wanaopigania mahali pa kuuzia. Ni filamu ya sauti ya chini, na ndiyo nguvu yake.

Kazi yake kubwa ni *Vuta N'Kuvute* (2021), iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi ya 1999. Hadithi ni ya Zanzibar ya miaka ya 1950: Denge, kijana anayepinga ukoloni, na Yasmin, binti wa Kihindi anayeikimbia ndoa ya kulazimishwa. Kiswahili cha wahusika hakikulainishwa kwa ajili ya watazamaji wa nje, uamuzi unaostahili sifa. Ilioneshwa Toronto, na mwaka 2022 Tanzania ikaipeleka kuwania Oscar, ikiwa ya kwanza tangu filamu ya *Maangamizi*, takriban miongo miwili nyuma.