Chokaa Hurudi Kuwa Jiwe

Wageni wakipita Mji Mkongwe, Unguja, huniuliza kuta hizi zimejengwa kwa jiwe gani. Mimi mwashi, niliyezeekea katika vumbi la chokaa, huwajibu kwamba zimejengwa kwa wanyama. Wanacheka, lakini ndivyo ilivyo. Tumbawe ni kazi ya kiumbe mdogo wa baharini, laini kama ute, anayejijengea nyumba ya chokaa kutokana na maji ya chumvi. Akifa, wenzake hujenga juu yake. Miaka kama 125,000 iliyopita bahari ilisimama mita kadhaa juu ya ilipo leo. Iliposhuka, matumbawe yakabaki nchi kavu, mvua ikayayeyusha huku na kuyagandisha kule, yakawa mwamba huu tunaoukanyaga Unguja na Mombasa. Ngome ya Mombasa, ambayo Wareno walianza kuijenga mwaka 1593, sehemu yake ya chini imechongwa ndani ya mwamba wenyewe.

Kwetu mafundi mawe ni mawili. Lile la nchi kavu ni gumu, limejaa vitundu na makombe, halikubali patasi. Hilo ni la kuta. La pili hutolewa baharini maji yakipwa, likiwa bichi. Ukiliwahi, linachongeka kama muhogo. Ukiliacha hewani linakaza. Kwa hilo zilifanywa mihirabu, zidaka na nakshi za milangoni. Kizimkazi, kusini mwa Unguja, msikiti una maandishi ya Kikufi yaliyochongwa katika tumbawe, ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107. Herufi zake bado kali. Mimi na zana zangu za chuma sithubutu kujilinganisha na mkono ule.

Lakini hatukuanza na jiwe. Shanga, katika kisiwa cha Pate, mwanaakiolojia Mark Horton alichimba miaka ya 1980 akakuta misikiti imejengwa mmoja juu ya mwingine mahali palepale: ya chini ya miti na udongo, ya juu ya matumbawe, tangu karne ya 10 hivi. Hata baadaye jiwe halikuwa la kila mtu. Msafiri Ibn Battuta alipofika Kilwa mwaka 1331, alieleza mji uliojengwa kwa miti, ingawa alifika zama za Sultani al-Hasan bin Sulaiman, ambaye jumba la Husuni Kubwa na upanuzi wa Msikiti Mkuu hunasibishwa naye. Jiwe lilikuwa la Mungu na la mwenye nguvu. Matajiri wengine walifuata, na upana wa vyumba vyao ukaamuliwa na mikoko: boriti yake haivuki mbali, ndiyo maana chumba cha kale ni kirefu na chembamba, kwa kawaida hakizidi mita tatu upana.

Sasa chokaa, ambayo ndiyo hasa iliyonifanya niandike. Unapanga magogo duara, tabaka juu ya tabaka, unamwaga juu yake vipande vya matumbawe, unawasha katikati. Moto unafukuza hewa iliyokuwa imefungwa ndani ya jiwe. Kinachobaki ni kitu cheupe chenye hasira: kikipata maji kinachemka chenyewe. Kikishatulia unakichanganya na mchanga, unajengea. Hapo ndipo kazi inapoanza, kwani chokaa ukutani hunyonya tena hewa ileile iliyofukuzwa na moto, taratibu, kwa miaka, mpaka inarudi kuwa jiwe. Ukuta wa kale, basi, ni tumbawe lililoungwa kwa tumbawe.

Ukuta wa namna hiyo unapumua. Chumvi na unyevu huingia na kutoka. Saruji haijui hayo. Mwenye nyumba akiona lipu inamomonyoka, analeta mifuko ya saruji, anapaka, ukuta unang'aa msimu mmoja. Ndani, maji yamefungiwa, boriti zinaoza kwenye ncha zake, chumvi inalisaga jiwe likawa unga. Nimebomoa lipu nyingi za namna hiyo na kukuta nyuma yake hakuna ukuta, kuna mchanga.

Mwenye nyumba ya mawe, kabla hujanunua saruji, tafuta fundi wa chokaa. Tumebaki wachache, na vijana wanaotaka kujifunza ni wachache zaidi.